Hiba ya Ardhi Yenye Masharti: Hutanguliwa Lini, na kwa Njia Gani?

Mazungumzo ya Ofisi ya Uhusiano Mwema ya Polisi kwa wananchi wa maeneo ya mpakani



Huenda mmoja wenu akauliza: Polisi na mambo ya hiba wapi na wapi? Swali hilo ni la haki. Kumpa mtu ardhi na kuidai irudi ni shauri la madai, na mwamuzi wake ni mahakama. Polisi haina mamlaka ya kutamka kwamba shamba hili ni la fulani na lile si lake. Lakini hiba ikiharibika, watu hawakimbilii mahakamani kwanza. Wanashika mapanga, wanang'oa miti ya mpaka, wanafyeka mihogo ya mwenzao, kisha ndipo tunapoitwa. Tunapofika, shauri lililokuwa la karatasi limekwisha kuwa la damu. Ndiyo maana tumeona ni wajibu wetu kuzungumza nanyi mapema, wakati bado kuna nafasi ya kusikilizana.

Katika miji yetu ya mpakani, kama vile Busia, Malaba na Mutukula, jambo hili lina uzito wa pekee. Shamba ambalo babu alilitoa lilipokuwa pori leo liko kando ya barabara ya malori. Thamani yake imepanda, na thamani ikipanda, kumbukumbu za watu hubadilika. Aliyetoa hukumbuka masharti mengi, na aliyepokea hayakumbuki yote.

Hiba ni nini?

Hiba ni tendo la mtu aliye hai kumpa mwenzake mali yake bila kudai malipo. Mahakama za Uganda hutazama mambo matatu: kwamba mtoaji alikusudia kutoa, kwamba alikabidhi alichokitoa, na kwamba mpokeaji alikubali. Yote matatu yakithibitika, hiba imekamilika. Na hiba iliyokamilika, ndugu zetu, haitanguliwi kwa sababu tu mtoaji amejuta, amekasirika, au amepata mnunuzi mwenye fedha nyingi.

Hapa tunaomba wale wenye jamaa upande wa Kongo wasikilize vizuri. Nchi zilizofuata mapokeo ya sheria ya Ufaransa na Ubelgiji zina mlango mwingine. Kifungu cha 953 cha Sheria ya Madai ya Ufaransa, kwa mfano, kinautaja utovu wa shukrani kuwa sababu ya kutangua hiba. Sheria yetu ya Uganda ilitokana na mapokeo ya Uingereza, na mlango huo haumo ndani yake. Mpwa asiyekuamkia asubuhi ana makosa ya adabu, lakini adabu mbaya peke yake haikurudishii ekari yako.

Basi mtoaji ana njia gani? Kwa ufupi, ziko mbili. Ya kwanza ni kuonyesha kwamba hiba ilikuwa na kasoro tangu mwanzo: alidanganywa, alilazimishwa, alishinikizwa na mtu aliyemtegemea, au kidole chake kilikandamizwa juu ya karatasi akiwa mgonjwa asiyejitambua. Njia ya pili ni kuonyesha kwamba hiba ilitolewa kwa sharti, na sharti hilo limevunjwa. Hiyo ya pili ndiyo tutakayoizungumza zaidi.

Sharti, kusudi na tumaini

Maneno matatu haya hufanana midomoni mwa watu, lakini mbele ya hakimu hayafanani hata kidogo.

Mtu akisema, "Ninampa mpwa wangu shamba hili, natumaini atanitunza," huyo ametaja tumaini. Tumaini halifungi. Akisema, "Ninatoa kiwanja hiki kwa ajili ya shule," ametaja kusudi. Kusudi peke yake kwa kawaida halitoshi kuirudisha ardhi shule ikihama. Lakini akisema, "Ninatoa kiwanja hiki kwa sharti kwamba kitumike kwa shule ya msingi, na kisipotumika hivyo kirudi kwangu au kwa warithi wangu," huyo ameweka sharti. Ametaja jambo linalotakiwa kufanyika, na ametaja kitakachotokea lisipofanyika. Wazee wetu, tofauti ya maneno kumi inaweza kuwa tofauti ya ekari kumi.

Masharti nayo ni ya namna mbili. Liko sharti linalotangulia: "Ukimaliza kulipa karo ya ndugu zako, shamba litakuwa lako." Hapo hiba haijazaliwa mpaka karo ilipwe. Na liko sharti linalofuata: "Shamba ni lako kuanzia leo, lakini ukiacha kunilisha, litarudi kwangu." Hapo hiba imekwisha kuzaliwa, na sharti likivunjwa mtoaji anapata haki ya kuitangua. Tunasema anapata haki ya kuitangua. Ardhi haijirudishi yenyewe usiku watu wakiwa wamelala.

Yako pia masharti ambayo mahakama haiyakubali. Sharti la kumtaka mtu afanye uhalifu ni batili. Sharti lisiloeleweka, kama "awe mtu mwema", ni vigumu kulipima. Sharti la kumkataza mpokeaji asiuze kamwe, kwa mtu yeyote, kwa muda wote, linapingana na maana ya kummilikisha, na mara nyingi huanguka. Na sharti linalofuata likianguka, hiba husimama bila sharti. Mtoaji aliyetaka kujifunga na kamba mbovu hubaki hana kamba wala ng'ombe.

Vilevile hiba haiwezi kutegemea matakwa ya mtoaji peke yake. Kanuni hii iliandikwa waziwazi katika Sheria ya India ya Uhamisho wa Mali ya mwaka 1882, kifungu cha 126, sheria ambayo ndugu zetu wa Kenya walikuwa nayo hadi walipotunga sheria mpya za ardhi mwaka 2012. Kifungu hicho kinaruhusu watoaji na wapokeaji kukubaliana kwamba hiba itatanguka likitokea jambo fulani lisilotegemea utashi wa mtoaji. Lakini hiba inayoweza kutanguliwa wakati wowote mtoaji anapopenda huhesabiwa kuwa batili. Mantiki yake ni nyepesi: aliyetoa kwa mkono wa kulia huku ameshikilia kwa mkono wa kushoto bado hajatoa.

Mfano wa mzee na mpwa

Tuchukue mfano. Mzee mmoja ana ekari tano za kimila. Anampa mwana wa dada yake ekari moja iliyo karibu na barabara. Wanaandika karatasi: mpwa atajenga na kuishi hapo, atawapa mzee na mkewe chakula kila mwezi hadi mwisho wa uhai wao, na akishindwa ardhi itarudi. Miaka sita inapita. Mpwa anaacha kupeleka chakula. Mwaka wa saba anakuja na mfanyabiashara anayetaka mahali pa kuegesha malori. Watoto wa mzee wanapata habari. Usiku wanaingia, wanafyeka migomba, wanaezua paa la jikoni, na asubuhi wanasimama njiani na mapanga.

Tazameni kilichotokea. Siku moja kabla, mzee alikuwa na hoja nzuri kabisa: sharti lilikuwa wazi, liliandikwa, na lilivunjwa. Siku iliyofuata, mpwa aliyevunja ahadi ndiye anayefika kituoni kama mlalamikaji, na watoto wa mzee ndio watuhumiwa. Kuharibu mali kwa makusudi ni kosa la jinai. Kutishia watu kwa silaha ni kosa la jinai. Kuingia katika makazi ya mtu kwa nia ya kutisha ni kosa la jinai. Askari hawezi kumwambia mpwa, "Nenda zako, wewe ndiwe uliyekosa mwanzo." Ni lazima afungue jalada. Mwenye haki ameitupa haki yake kichakani.

Sasa tuulize: wangefanya nini?

Kwanza, wangeitafuta karatasi na mashahidi walioitia sahihi. Pili, wangemwandikia mpwa notisi, wakitaja sharti, wakieleza jinsi lilivyovunjwa, na kumpa muda wa kutosha wa kujirekebisha. Notisi hiyo ina maana kubwa, kwa kuwa hakimu hupenda kujua kama mtu alipewa nafasi. Mahakama haifurahii kumnyang'anya mtu ardhi kwa kosa dogo linaloweza kusahihishwa. Tatu, wangelipeleka shauri kwa wazee wa ukoo na baraza la LC wasuluhishe. Sheria yetu ya Ardhi ya mwaka 1998 inaheshimu usuluhishi. Nne, usuluhishi ukishindikana, wangekwenda mahakamani kuomba hiba itanguliwe, na wakati huohuo kuomba amri ya muda ya kuzuia uuzaji mpaka shauri lisikilizwe.

Na mzee asikae kimya muda mrefu. Sheria ya ukomo inampa mtu miaka 12 ya kudai ardhi tangu haki yake ya kudai ilipoanza. Hata kabla ya miaka hiyo kwisha, ukimya huweza kumgharimu. Akimwona mpwa anajenga nyumba ya matofali kwa fedha zake, akakaa akitazama, akala naye na kucheka naye, mahakama inaweza kusema kwamba alikwisha kusamehe. Ahadi ni deni, lakini deni lisilodaiwa husahaulika.

Je, mke alikubali?

Katika mfano wetu liko swali ambalo watu wengi hawaliulizi. Ekari ile ilikuwa sehemu ya ardhi ambayo familia inaitegemea kwa chakula? Kama ndivyo, sheria inaiita ardhi ya familia. Sheria ya Ardhi, kama ilivyorekebishwa mwaka 2004, haimruhusu mwanandoa kuiuza, kuiweka rehani wala kuitoa hiba bila idhini ya mwenzake iliyotangulia. Hiba iliyotolewa bila idhini hiyo inaweza kubatilishwa, sharti liwe limetimizwa au la. Tunawaambia akina baba: msiende kwa mwandishi wa hati peke yenu. Tunawaambia akina mama: mkiona vigingi vinapigwa shambani na hamkuulizwa, semeni siku hiyohiyo. Na sheria hiyohiyo inatamka kwamba uamuzi wowote wa kimila unaowanyima wanawake, watoto au watu wenye ulemavu haki ya kuifikia ardhi ni batili. Hiba isitumiwe kuwa njia ya kumtoa mjane uani.

Mpokeaji ni raia wa wapi?

Hapa mpakani tunaoana na kuzikana. Mjomba yuko Uganda, mpwa yuko Kenya, na shangazi ameolewa Tanzania. Undugu hauna mpaka, lakini ardhi inayo. Kanuni ya msingi ni kwamba ardhi hufuata sheria ya mahali ilipo.

Nchini Uganda, Kifungu cha 237 cha Katiba ya mwaka 1995 kinasema ardhi ni ya raia wa Uganda, nao huimiliki kwa mifumo minne: wa kimila, wa milki huru, wa mailo, na wa upangaji. Mtu asiye raia anaweza kupata upangaji tu, usiozidi miaka 99. Basi mjomba wa Busia ya Uganda akimhibu mpwa wake aliye raia wa Kenya ekari ya milki huru, hata kama masharti yameandikwa kwa wino wa dhahabu, hiba hiyo ina tatizo kabla ya sharti lolote kuvunjwa. Upande wa pili ni vivyo hivyo. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, Kifungu cha 65, inampa mgeni upangaji usiozidi miaka 99, na uhamisho wa ardhi ya kilimo huhitaji idhini ya bodi ya udhibiti wa ardhi. Tanzania nayo, kwa sheria zake za mwaka 1999, haimmilikishi mgeni ardhi isipokuwa kwa ajili ya uwekezaji. Anayetaka kumsaidia ndugu wa ng'ambo amwendee mwanasheria kabla ya kumwita fundi wa vigingi.

Ardhi yenye hati

Ardhi ikiwa imesajiliwa, karatasi ya hiba peke yake haihamishi umiliki. Ni lazima fomu ya uhamisho itiwe sahihi na jina libadilishwe katika daftari la msajili. Na hapa kuna hatari kubwa kwa mtoaji. Daftari likishasema kwamba ardhi ni ya mpokeaji, hati hiyo ndiyo ushahidi wa mwisho, isipokuwa pawepo ulaghai. Mpokeaji akimwuzia mtu wa tatu aliyenunua kwa nia njema, bila kujua habari ya sharti, mtoaji anaweza kushinda hoja na bado akaikosa ardhi. Kwa hiyo mwenye sharti awahi kwa msajili kuweka zuio, ili kila atakayelipekua daftari ajue kwamba ardhi ile ina mdai. Naye mnunuzi asitosheke na hati tu. Afike shambani, awaulize majirani na mwenyekiti wa LC: ardhi hii ilipatikanaje, na nani anaidai?

Shule, zahanati na vituo

Wananchi wengi wametoa ardhi kwa ajili ya shule, nyumba za ibada, zahanati na vituo vya polisi. Mara nyingi ilitolewa kwa neno la mdomo, mbele ya umati uliopiga makofi. Waliopiga makofi wengi wao hawapo tena. Leo wajukuu wanauliza kwa nini nusu ya kiwanja cha shule imekodishwa kuwa maduka, na walimu wanauliza kwa nini wajukuu wanalima uwanja wa mpira. Pande zote mbili zinasema kweli kama zinavyoijua.

Tunawaomba wenye familia na wenye taasisi waketi sasa, mashahidi wachache waliobaki wakiwa bado hai, waandike kilichotolewa, mipaka yake, na masharti kama yalikuwepo. Nasi Polisi hatujitoi katika ushauri huu. Familia inayotoa mahali pa kujenga kituo idai hati ileile ambayo ingeidai kwa mtu mwingine yeyote. Sare yetu haichukui nafasi ya maandishi. Mali bila daftari hupotea bila habari.

Hati nzuri ya hiba iweje?

Itaje majina kamili ya mtoaji na mpokeaji pamoja na namba za vitambulisho vyao vya Taifa. Ieleze ardhi ilipo, ukubwa wake, na majirani wa pande zote nne. Itaje sharti kwa maneno yanayopimika: usiandike "anitunze", andika ni chakula kiasi gani, kila baada ya muda gani, hadi lini. Itaje kitakachotokea sharti likivunjwa, na haki hiyo ni ya nani mtoaji akifariki. Itaje mpokeaji atalipwaje kwa nyumba au miti aliyoiweka, maana hilo ndilo linaloleta ugomvi mkali zaidi. Iwe na idhini ya mwanandoa, sahihi za mashahidi wa pande zote, na kukubali kwa mpokeaji. Kama mtoaji hajui kusoma, sheria inamtaka aliyemwandikia aandike jina na anwani yake na athibitishe kwamba alimsomea na kumweleza. Nakala zibaki kwa kila upande na kwa mwenyekiti wa LC. Kwa ardhi ya kimila, familia inaweza pia kuomba hati ya umiliki wa kimila kupitia Kamati ya Ardhi ya Eneo.

Na kabla ya kuandika chochote, mtoaji ajiulize swali moja: Je, kweli nataka kutoa? Kama anataka kumsaidia kijana apate mahali pa kulima kwa miaka michache, ampe ruhusa ya matumizi au ampangishe kwa maandishi. Kama anataka kubaki na uhuru wa kubadili nia, aandike wosia mbele ya mashahidi wawili. Wosia hubadilika mwenye nao akiwa hai na akili timamu. Hiba ni ya mtu aliyekwisha kuamua.

Polisi watafanya nini, na hawatafanya nini

Tutapokea taarifa ya kughushi hati, kutishia maisha, kuharibu mali na kujipatia ardhi kwa udanganyifu, na tutapeleleza. Tutafika haraka mkitwambia mapema kwamba watu wanakusanyika. Tutalinda amani wakati hukumu ya mahakama inatekelezwa kwa utaratibu.

Lakini hatutamhamisha mtu katika ardhi kwa sababu ndugu wa mtoaji wametuomba. Kumwondoa mtu kunahitaji amri ya mahakama, na mwongozo wa Mahakama wa mwaka 2021 kuhusu kuwahamisha watu katika ardhi umeweka utaratibu wa kufuatwa, pamoja na notisi. Huduma ya kufungua taarifa kituoni hailipiwi. Askari yeyote akiwaambia kwamba anaweza "kumaliza mambo" kwa kumfukuza mpwa usiku, mripotini kwa mkuu wa kituo au kwa ofisi yetu ya uhusiano mwema.

Ndugu wananchi, mtu anayempa mwenziwe ardhi amefanya jambo kubwa kuliko kumpa fedha. Amempa mahali pa kujenga, kulima na kuzikwa. Jambo kubwa namna hiyo lisiachwe likae juu ya maneno ya jioni moja. Leo mkirudi nyumbani, mwenye hiba aliyoitoa au aliyoipokea aifungue sanduku, aitazame karatasi yake. Kama haipo, awaite wazee na mashahidi iandikwe wiki hii. Kama ipo na sharti limevunjwa, aandike notisi, aende kwa LC, kisha mahakamani. Panga libaki shambani kwenye kazi yake.

 Sasa tunayapokea maswali yenu.